Huyo sanfishi mwenye mistari myeusi anataka maji ya kwao

Kaka pole, umesema sanfishi wako wa mistari, yule samaki anayeitwa kitaalamu Enneacanthus chaetodon, hataki kula na anajibanza kona ya tangi tangu umtoe dukani. Mi naona shida ni maji sio ugonjwa. Huyu kwao ni mashariki ya Marekani, New Jersey kule Pine Barrens, eneo la misitu ya misonobari, kushuka mpaka Florida, vidimbwi na vijito vya polepole, majani kibao, na maji yenyewe yana asidi yamekoza kama chai ya rangi sababu ya majani yaliyooza. Sasa we umemwekea pampu inavuma na taa kali, atatulia vipi? Punguza mkondo, jaza mimea, tia majani makavu ya mwaloni, mpe viluwiluwi vya mbu vilivyo hai vinavyocheza, chakula cha kopo wengi hawagusi. Ila kwenye mto usiende kuvua, Virginia na Maryland analindwa kisheria.