Kocha Eddie Robinson: maswali yenu na majibu

Niliandika hapa kwamba Eddie Robinson ndiye kocha mkubwa kuliko wote waliowahi kufundisha futiboli ya Kimarekani vyuoni. Barua zimekuja nyingi, za kupinga na za kutaka kujua zaidi. Nimechagua hizi, na msimamo wangu ni uleule.

Mwandishi, huyo Robinson ni nani hasa? Katika makocha wa vyuo namjua Nick Saban tu. (Msomaji, Arusha)

Alizaliwa 1919 Jackson, Louisiana. Baba yake alilima shamba la mtu kwa kugawana mavuno, mama alifanya kazi za ndani. Alifundisha chuo kimoja tu, Grambling, kuanzia 1941 hadi 1997: aliingia Roosevelt akiwa Ikulu, akatoka Clinton akiwa rais. Alishinda mechi 408, akapoteza 165, akatoka sare 15. Grambling ni mji mdogo kaskazini mwa Louisiana, na chuo chake kilianzishwa kwa ajili ya watu weusi. Hiyo ndiyo sababu jina lake halikuvuma kama ya wenzake.

Alianza na mshahara gani? (Mwalimu wa michezo, Kakamega)

Mwalimu, alianza na dola 63.75 kwa mwezi. Kabla ya hapo alikuwa kibarua kwenye kinu cha chakula cha mifugo Baton Rouge, senti 25 kwa saa, na shahada anayo.

Wewe utaielewa kazi yenyewe kuliko wengi. Akiwa na umri wa miaka 22, hakuwa na jopo la wasaidizi. Alikata nyasi za uwanja na kuchora mistari mwenyewe, akawafunga wachezaji bandeji miguuni, na mechi ikiisha aliwaandikia wahariri habari zake. Timu ikisafiri, mikate ya kula njiani ilitengenezwa kabla ya kuondoka, kwa sababu mikahawa mingi ya Kusini mwa Marekani haikuhudumia watu weusi. Msimu wa kwanza alishinda mechi 3 na kupoteza 5. Wa pili, 1942, alishinda zote 9 na hakuna timu iliyopata hata pointi moja dhidi yake. Asubuhi alipita mabwenini akipiga kengele, ile ya kufungwa ng'ombe shingoni, kuwaamsha vijana waende darasani. Darasani, si mazoezini. Hapo ndipo ninapomwona Robinson mwenyewe.

Kama alikuwa hodari hivyo, kwa nini hakwenda chuo kikubwa au NFL, ligi ya kulipwa? (Msomaji, Mombasa)

Swali hili nimelipata mara nyingi, na linaniuma, kwa sababu linachukulia kwamba mlango ulikuwa wazi. Baton Rouge, mji aliokulia, una chuo kikuu cha LSU, na timu ya LSU haikuwa na mchezaji mweusi hadi mwanzoni mwa miaka ya 1970. Kama kijana mweusi hakuruhusiwa kuucheza mpira huo, nani angemkabidhi mtu mweusi timu nzima? Huko NFL, baada ya Fritz Pollard, kocha mweusi wa miaka ya 1920, hakuna mtu mweusi mwingine aliyekuwa kocha mkuu hadi Art Shell mwaka 1989. Wakati huo Robinson ana miaka 70.

Ubaguzi huohuo ulimletea vipaji ambavyo vyuo vya wazungu vilivikataa. Paul Younger alitoka mikononi mwake akajiunga na Los Angeles Rams mwaka 1949, wa kwanza kuingia NFL kutoka chuo cha watu weusi. Waliomfuata kwenye ligi za kulipwa wanazidi 200. Vyuo vikubwa vilipoanza kuwachukua vijana weusi, ushindani wa kuwapata ukawa mkali, naye bado akaendelea kushinda.

Ni kweli yeye ndiye aliyemfundisha Doug Williams? (Msomaji, Dar es Salaam)

Kweli. Ila kabla ya Williams kulikuwa na James Harris, naye kwotabeki kama yeye. Nafasi ya kwotabeki, anayeongoza mashambulizi na kurusha mpira, wazungu wengi waliamini haimfai mtu mweusi. Kijana akifika NFL alihamishiwa nafasi nyingine. Robinson alimwandaa Harris kwa makusudi na kumsihi asikubali kuhamishwa. Mwaka 1969 Harris alianza mechi ya ufunguzi wa msimu akiwa na Buffalo Bills. Januari 1988 Williams akaiongoza timu ya Washington kuipiga Denver 42-10 kwenye Super Bowl, fainali ya NFL, kwotabeki mweusi wa kwanza kulitwaa taji hilo.

Rekodi yake ya kushinda mechi nyingi kuliko wote bado ipo? (Msomaji, Kampala)

Imepitwa. Kocha John Gagliardi alimpita 2003 na kumaliza na ushindi 489, katika daraja la vyuo vidogo. Joe Paterno, kocha wa daraja la juu, alimaliza na 409.

Aliondoka kwa heshima? (Msomaji, Muscat)

Nusu. Misimu miwili ya mwisho alishinda mechi 3 tu kila mmoja. Wapo waliotaka aondoke mapema, umma ukapaza sauti, akapewa msimu wa 1997 wa kuaga. Naona ilikuwa haki yake. Aliyerithi kiti ni Doug Williams. Robinson alifariki Aprili 2007, baada ya kuugua Alzheimer, ugonjwa wa kupoteza kumbukumbu, kwa miaka.

Shikamoo mwandishi. Ninasoma Ohio na natamani ukocha wa futiboli. Nianzie wapi?

Marahaba, mwanangu. Anzia chini kabisa: msaidizi wa timu huku ukisoma shahada ya pili, kisha kocha wa nafasi moja uwanjani, kisha msimamizi wa ushambuliaji au ulinzi. Saban alianza hivyo mwaka 1973 huko Kent State, hapo Ohio ulipo. Ukocha mkuu aliupata Toledo 1990. Nenda ofisi ya timu ya chuo chako wiki hii, uulize kama wanahitaji mtu wa kuchambua video za mechi.