Mwewe na mdiria: kwa nini hawapigi mabawa sawa

Umeuliza kwa nini mwewe anazunguka juu bila kupiga mabawa huku mdiria, yule ndege mvua samaki, akihangaika. Mwewe anabebwa na hewa moto inayopanda kutoka ardhini jua likikolea, yeye anatandaza mabawa tu. Kona anakata kwa mkia. Mtazame akiruka chini chini, utauona ukipinda kushoto na kulia kama usukani.

Mdiria yule mweusi kwa mweupe wa ziwani ndiye fundi hasa. Anasimama hewani, mwili karibu wima, mabawa yanapiga haraka mno, lakini kichwa kimetulia tuli kikilenga samaki. Kazi hiyo inakula nguvu, hawezi kukaa hivyo muda mrefu.