Jibu: Kwa nini daladala hukimbizana na kukatisha ruti

Ndugu, umeuliza kama madereva wa daladala wa Dar wana roho mbaya tu, ndiyo maana wanakimbizana na kukatisha ruti. Mimi naanzia kwenye hesabu. Dereva mara nyingi hana mshahara: jioni lazima ampelekee tajiri, yaani mwenye gari, kiwango walichokubaliana (ndiyo hiyo hesabu), atoe ya mafuta, na kinachobaki ndicho chake na konda. Foleni ikimla asubuhi, hasara ni yake, si ya tajiri. Hapo lazima akimbilie abiria wa kituo kinachofuata kabla ya mwenzake, au ageuzie njiani kabla ya kufika mwisho wa ruti.

Utaratibu huohuo unaeleza kwa nini mwanafunzi anaachwa kituoni, jambo linaloniumiza sana: nauli yake ni ndogo, nafasi ni ileile. Faini pekee haziondoi hesabu; zinaongeza deni la siku.