Sauti Iliyomrudisha Emil Jannings Ujerumani

SWALI: Ndugu Mhariri, nimesoma kwamba Emil Jannings, Mjerumani, ndiye mwigizaji wa kwanza kupewa tuzo ya Oscar, mwaka 1929. Mbona hakuendelea kuigiza Marekani? – Msomaji, Tanga

JIBU: Ndugu msomaji, kilichomrudisha kwao ni sauti. Filamu zilizompatia tuzo hiyo zilikuwa bubu, na katika filamu bubu lafudhi ya mtu haisikiki. Lakini studio za Hollywood zilipoanza kurekodi mazungumzo, Kiingereza chake chenye lafudhi nzito ya Kijerumani kilimfungia njia.

Aliporudi Ujerumani, katika studio za Babelsberg, karibu na Berlin, aliigiza mwalimu Rath katika filamu ya Der blaue Engel (Malaika wa Buluu) ya mwaka 1930, iliyopigwa kwa Kijerumani na kwa Kiingereza sambamba, kwa kuwa ufundi wa kuingiza sauti za lugha nyingine ulikuwa bado mchanga. Itazame pale mwalimu huyo, akiwa amevikwa mavazi ya mchekeshaji, anapopasuliwa yai kichwani mbele ya watu wa mji wake, kisha anawika kama jogoo: mlio ule unachoma moyo, na filamu bubu isingeweza kamwe kutufikishia. Umaarufu, hata hivyo, ulimwendea zaidi mwigizaji mwenzake katika filamu hiyo, Marlene Dietrich, aliyeondoka kwenda Marekani usiku uleule wa onyesho la kwanza mjini Berlin.

Inasikitisha kwamba kipaji kikubwa namna hiyo Jannings alikiweka mikononi mwa Wanazi, hata akaigiza Ohm Krüger, filamu ya propaganda dhidi ya Waingereza, mwaka 1941. Baada ya vita hakuigiza tena hadi alipofariki nchini Austria mwaka 1950.