Mbwa wangu chotara ananisikia uani, shambani hageuki

SWALI: Mwalimu, nina mbwa dume wa miezi 9. Mama yake ni wa kienyeji, baba ni pointa wa kuwindia kanga. Uani nikimwambia "kaa" anakaa, nikisema "njoo" anakuja. Shambani akishanusa kitu, nitaita mpaka koo likauke. Juzi alifukuza kuku wa watu, aliporudi nikamchapa. Sasa nikimwita anasimama mita kama 5 hivi, hataki kushikwa. Ni ukaidi au ni huo uchotara? Msomaji, Moshi.

JIBU: Si ukaidi, ndugu yangu, na uchotara hauna kosa. Kilichoniuma katika barua yako ni ile fimbo. Mbwa huunganisha malipo na jambo alilolifanya sekunde moja au mbili zilizopita. Kuku walishapita. Yeye alirudi kwako, akachapwa, basi akaelewa kwamba kosa ni kurudi. Ndiyo maana ya hizo mita 5. Kuanzia leo akirudi, hata kama amekuchelewesha saa nzima na moyo unakuchemka, apokewe vizuri.

Pointa amechaguliwa kizazi baada ya kizazi atangulie mbali mbele ya mwindaji, anuse ndege upepeni, kisha asimame kimya akiwaelekezea pua. Mbwa wa kienyeji naye amezoea kujiamulia. Wako ana yote mawili, kwa hiyo akishashika harufu, kelele zako hazifui dafu.

Mimi ningeanza kwa kuliacha neno "njoo". Sikiliza nyumbani kwako siku moja tu: njoo ule, njoo uchukue hiki, njoo hapa wewe! Wanaitwa watoto tangu asubuhi, mbwa amelala pembeni, na hakuna hata moja linalomhusu. Neno limeshamfia masikioni. Tumia filimbi. Inafika mbali, haina hasira ndani yake, na yeyote nyumbani anaweza kuipuliza.

Wiki ya kwanza usimwite nayo popote. Puliza mara tatu fupi, papo hapo mpe kipande cha ini la kuchemsha, kidogo kama punje ya mahindi. Fanya hivyo mara 10 hivi kwa siku, na kila unapompa chakula chake. Atakapogeuza shingo kabla hajaona mkono wako, ameshaelewa.

Kisha tafuta kamba ya mita 10, uifunge kwenye mkanda wa kifuani, si wa shingoni, maana ikikaza ghafla akiwa mbioni shingo itaumia. Usiizungushe mkononi. Mwache aiburute anuse, halafu puliza ile milio mitatu mifupi mara moja tu. Asipogeuka, usirudie: shika kamba, rudi nyuma ukimbembeleza mpaka afike. Mshike mkanda taratibu huku ukimpa ini kipande kimoja kimoja, kisha mwachie arudi kunusa. Hapo ndipo wengi wanapoharibu. Humwita mbwa mara moja tu, ya kwenda nyumbani, naye anajifunza kwamba kuitwa ni mwisho wa raha. Ukimwita mara 10, mara 9 mruhusu aendelee na harufu zake. Kwa mbwa wa damu hii harufu ni malipo makubwa kuliko ini.

"Kaa" ni kazi ndogo. Kubalianeni neno moja nyumbani, mmoja asiseme kaa na mwingine keti, na mwongezee ishara ya mkono kwa sababu mbwa hushika ishara upesi kuliko neno. Ila somo la uani halihami lenyewe kwenda shambani. Lifundishe upya getini, kisha njiani, kisha shambani, dakika 5 kila mara, mara 3 kwa siku.

Kuku waje mwisho. Anzia mbali, mita 30 au zaidi, anapowaona lakini bado anakula mkononi mwako. Akikataa ini, mmesogea mno, rudini nyuma. Umri huu ni wa ujana, hivyo hesabu miezi, si wiki. Na kamba usiivue mpaka awe anageuka unapomwita kwa filimbi mara moja tu, siku nyingi mfululizo, kuku wakiwa mbele yake.