Mahakama inapomwambia afisa "amua": rufaa za maduka ya mgao India

SWALI: Nasomea sheria Mombasa. Katika hukumu za Mahakama Kuu ya Kerala, India, nakutana mara kwa mara na mwenye duka la mgao, yaani duka lenye leseni ya kuwagawia wenye kadi chakula cha serikali, aliyesimamishiwa leseni. Amekata rufaa kwa afisa wa ngazi ya juu, miezi inapita bila jibu, anakimbilia mahakamani. Mahakama haimrudishii leseni. Inasema tu rufaa isikilizwe na kuamuliwa ndani ya mwezi mmoja. Huyu ameshinda au ameshindwa?

JIBU: Ameshinda, ila alichoshinda ni muda, na katika biashara ile muda ndio kila kitu. Leseni ikisimamishwa, wateja hawaachwi na njaa. Kadi zao huhamishiwa duka la jirani, na mchele unachukuliwa huko kwa alama ya kidole kwenye mashine. Baada ya miezi minane, jirani amezoeleka, na aliyesimamishwa anaendelea kulipa kodi ya chumba kitupu. Afisa hajaandika neno hata moja, lakini mtu ameshafutwa kazini. Ndiyo maana ukimya huo naukasirikia kuliko hukumu mbaya: hukumu mbaya utaikatia rufaa, ukimya utaukatia nini?

Hapo ndipo Ibara ya 226 ya Katiba ya India inapoingia. Inaipa Mahakama Kuu uwezo wa kumshurutisha mtumishi wa umma atimize wajibu wake. Amri ya mwaka 2015 ya kusimamia mgao wa chakula inampa mwenye duka siku 30 za kukata rufaa. Basi mwenye kupokea rufaa hiyo ana wajibu wa kuiamua. Kama duka lilipunja mizani au stoo haikulingana na daftari, hilo ni la afisa mwenye faili na ripoti ya ukaguzi. Jaji hajaliona gunia hata moja. Mahakama ya Juu ya India ilikubali mwaka 1986, katika kesi ya Jagannathan, kwamba mahakama inaweza, jambo likistahili, kutoa yenyewe uamuzi ambao afisa alipaswa kuutoa. Hiyo hubaki nadra, na mimi naona ni sawa.

Zisome hukumu hizo hadi mstari wa mwisho. Nyingi ni kurasa mbili tatu, na mwishoni mwombaji huagizwa apeleke mwenyewe nakala ya hukumu pamoja na nakala ya ombi lake kwa afisa. Siku huanza kuhesabiwa nakala inapopokelewa, kwa hiyo asiondoke dirishani bila muhuri wenye tarehe. Wakili makini pia huomba mteja wake asikilizwe ana kwa ana, uamuzi uwe na sababu, na duka lisipewe mtu mwingine kwa kudumu kabla rufaa haijaamuliwa. Ombi hili la mwisho likisahaulika, rufaa inaweza kushinda na duka likawa limeshakwenda.

Tahadhari moja. Mwaka 2008, katika kesi ya C. Jacob, Mahakama ya Juu ilikataa agizo la "shughulikia", yaani la kumtaka tu afisa alijibu ombi, litumike kufufua dai lililolala miaka mingi. Jibu jipya la afisa haliifanyi kesi kuwa changa.

Kwenu Kenya njia ni pana zaidi. Ibara ya 47 ya Katiba yenu inadai hatua za kiutawala zichukuliwe upesi, na Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 inautaja ucheleweshaji usio na sababu kuwa msingi wa kwenda mahakamani.

Na afisa wa Kerala akiupitisha mwezi? Mwombaji anarudi na shauri la kudharau mahakama, chini ya sheria ya 1971: kifungo hadi miezi 6, au faini hadi rupia 2,000, au vyote viwili. Shauri hilo lina ukomo wa mwaka mmoja tangu kosa litendeke, na hapo ule muhuri wa dirishani ndio utakaoonyesha mwezi ulikwisha lini.