Mto au bahari pale Selander? Maswali ya wasomaji na majibu

Barua za safari hii karibu zote zinanuka tope la mikoko. Nianze na ya dereva.

Naendesha bajaji, kila siku saa 4 asubuhi napita Daraja la Selander hapa Dar. Wiki moja naona tope tupu, wiki inayofuata saa ile ile maji yametanda mpaka kwenye mikoko. Ule ni mto au bahari? (Msomaji, Kinondoni)

Vyote viwili, kaka, ndiyo maana unapaona kigeugeu. Mto Msimbazi unaanzia vilima vya Pugu, unapita Vingunguti, Kigogo na Jangwani, kisha unamwaga kwenye hori hilo unalolivuka, yaani mkono wa bahari ulioingia nchi kavu. Bahari nayo huingia humo humo mara mbili kwa siku, na mara mbili hutoka.

Saa ya kupwa, yaani maji kutoka, inafuata mwezi. Mwezi ukiandama au ukiwa mpevu ni bamvua: maji hujaa sana na kupwa sana. Hapa Dar maji hujaa karibu saa 10 alfajiri na saa 10 jioni, na hupwa karibu saa 4, na tofauti ya kimo kati ya kujaa na kupwa hupita mita 3. Hiyo ndiyo wiki yako ya tope. Kila siku saa husogea mbele kama dakika 50, kwa hiyo wiki ikipita, saa 4 imekuwa saa ya kujaa. Tena hapo ni maji mafu: hayajai sana wala hayapwi sana. Wavuvi wa soko la Feri hawahitaji simu kuyajua haya, wanatazama mwezi tu.

Kiangazi chumvi hupanda mbali ndani ya hori. Masika mto hushinda, na maji ya rangi ya chai ya maziwa hutoka mpaka mbele ya Ocean Road. Mvua kubwa ikikutana na bamvua iliyojaa, mto unakosa pa kwenda, unarudi kukaa Jangwani. Watu huilaumu mvua peke yake, na mimi nasema wamesahau bahari.

Pale darajani pananuka yai viza. Ni mikoko au ni uchafu wetu? (Msomaji, Upanga)

Mgawane lawama. Tope la mikokoni halipitishi hewa. Majani yakioza humo, vijidudu visivyohitaji oksijeni hutoa gesi yenye salfa, na hiyo ndiyo harufu ya yai. Hata mikoko iliyo mbali na mji hunuka hivyo kidogo. Ila Msimbazi unaleta na maji ya vyoo na ya viwandani, na hapo harufu inapewa nguvu isiyo yake.

Kwa kuwa tope halina hewa, mti wenyewe umebuni njia. Tazama mchu, aina mojawapo ya mikoko, maji yakipwa: chini yake ardhi imejaa vijiti vilivyosimama kama penseli zilizochomekwa. Hivyo ni mizizi, inapumulia juu. Mkoko wenyewe, ule wenye miguu kama buibui, una mbegu zinazochipua zikiwa bado mtini. Zikianguka ni miche tayari, ndefu kama rula, na maji yanaipeleka hadi inaponasa.

Na kabla hujauliza mikoko ina faida gani: kamba unaowala Feri huzaliwa baharini, wakiwa bado wadogo sana huingia horini, hukua kati ya mizizi ile, kisha hurudi baharini. Anayekata mikoko anakata kamba.

Shikamoo mjomba. Kwa nini kuna kaa wana gando moja kubwa na jingine dogo? Wamekatwa? (Mwanafunzi, Kunduchi)

Marahaba, mwanangu. Hawajakatwa. Hao ni madume. Gando kubwa ni la kumpungia jike na kumtisha dume mwenzake, wala halifai kulia. Chuchumaa utulie dakika tano, watatoka mashimoni. Utaona gando dogo likichota tope na kupeleka mdomoni, chota, peleka, chota, peleka. Kaa huchuja chakula chake na kutema kitonge cha mchanga. Vile vitonge vinavyozunguka shimo ni mabaki ya mlo. Majike wana magando mawili madogo, kwa hiyo wanakula kwa mikono miwili na kumaliza mapema.

Ukikutana na samaki anayerukaruka juu ya tope na macho yamemtoka kichwani, usidhani umelogwa. Ndivyo alivyo, anaishi nchi kavu mradi ngozi yake isikauke.

Naweza kula chaza waliookotwa Selander? (Msomaji, Magomeni)

Hapana. Chaza hula kwa kuchuja maji, na kila kilichomo kwenye maji yale kinabaki kwake.

Meli kubwa zinapitaje kwenye mlango wa bandari pale Magogoni, mbona pembeni kuna miamba? (Msomaji, Kigamboni)

Zinapita kwenye bonde la mto lililozama. Maelfu ya miaka iliyopita, wakati maji mengi yalikuwa yameganda kuwa barafu, bahari ilikuwa chini zaidi ya mita 100, na mito ikachimba njia kuifuata. Bahari iliporudi ikajaza bonde, ndiyo bandari. Mito ya Kizinga na Mzinga bado inamwaga huko ndani, nyuma ya Mtoni.

Nataka kuwapeleka wanangu waone hayo yote. Lini? (Mama wa watoto watatu, Mbezi)

Dada, ngoja mwezi mpevu, nenda siku moja au mbili baada yake, mfike saa 3 asubuhi maji yakiwa bado yanatoka. Kunduchi ni pasafi kuliko Selander. Kuanzia Septemba mpaka Aprili mtawakuta pia ndege wenye mdomo mrefu uliopinda kama mundu, wageni waliokimbia baridi ya kaskazini ya dunia. Vaeni viatu vya kufunga kamba, mimi niliwahi kuacha ndala mbili tope la huko. Ikifika saa 5 geuzeni. Maji yakianza kujaa hayaji kwa mbele, hupita kwanza kwenye vifereji, na mtakuta yameshawazunguka kwa nyuma.